Mchoro Unaofutwa: Katuni na Uhuishaji katika Filamu Fupi za Poland

Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba neno katuni halitoshi kuelezea filamu za michoro ya mistari, na kwamba upungufu huo si wa msamiati pekee. Katuni ni Chakubanga, aliyechorwa na Christian Gregory katika gazeti la Uhuru. Katuni vilevile ni Ubongo Kids, kipindi cha watoto kilichoanza Tanzania mwaka 2014. Chakubanga ametulia karatasini. Wahusika wa kipindi hicho huenda na kusema. Neno moja limebebeshwa dhana mbili.

Tofauti ya dhana hizo hubainika katika majaribio ya Poland. Julian Antonisz alichora na kukwaruza moja kwa moja juu ya utepe wa filamu, bila kamera, na mwaka 1977 alitoa tamko la kuitetea njia hiyo. Michoro yake yote imebaki utepeni. Piotr Dumała alishika njia tofauti. Katika Łagodna (1985), iliyotokana na hadithi ya Dostoyevsky, alikwaruza mistari kwa kifaa chenye ncha kali juu ya kibao cha plasta kilichopakwa rangi, akaupiga picha mchoro, kisha akaufuta au kuubadili ili apate unaofuata. Mchoro hufa ili mwenziwe uzaliwe.

Mtoto wa Makangale, kaskazini mwa Pemba, achoraye ngalawa mchangani kwa kijiti, akaifuta kwa kiganja na kuichora tena mbele kidogo, hufanya kazi iyo hiyo, ila hana kamera. Mtazamaji huelewa kwamba ngalawa imesogea, ingawa mchangani ipo moja tu.

Hapa ndipo isimu inapohusika. Ferdinand de Saussure alisisitiza kwamba upande wa sauti wa ishara ya lugha hupangika katika mstari wa wakati. Silabi hutoweka kuipisha inayofuata. Sentensi huunganishwa katika kumbukumbu ya msikilizaji. Filamu ya Dumała nayo huunganishwa vivyo hivyo na mtazamaji.

Kwa hiyo tunapendekeza katuni ibakie kwa mchoro uliotulia, na uhuishaji, nomino itokanayo na kitenzi huisha, itumike kwa mchoro uendao. Yawezekana kupinga kwamba huisha humpa mchoraji sifa yote ya kutia uhai. Pingamizi hilo lina uzito. Hata hivyo, linamkumbusha mwanafunzi asiulize tu kilichochorwa, bali pia kilichofutwa, na ni nani aliyekikumbuka.