Anayependa kupanga nyumba ana kazi kwenye filamu

Vuta N'kuvute, filamu ya Amil Shivji iliyoonyeshwa Toronto mwaka 2021, inamrudisha mtazamaji Zanzibar ya miaka ya 1950. Filamu ya namna hiyo humtegemea mbunifu wa mandhari. Husoma skripti, huchagua nyumba, rangi na vyombo, kisha huondoa kinachoumbua: dishi la televisheni, ndoo ya plastiki.

Bajeti ikiwa ndogo, Kariakoo ndiyo stoo yake: mapazia Mtaa wa Kongo, vyuma kwa mafundi wa Gerezani. Vingine huazima kwa majirani na kuvirudisha vizima. Jina likiharibika, nani atamwazima tena?

Mzazi, usimkatishe tamaa mwanao. Mfundishe tu kuandikiana mkataba kabla ya kununua hata msumari, asije akatengeneza filamu ya watu kwa akiba yake.