Daktari Aachishwapo Kazi: Haki Yake Imo Katika Barua

Mgonjwa wa Mudende, wilayani Rubavu nchini Rwanda, azidiwapo huteremshwa mjini Gisenyi kwa madaktari wa hospitali. Machoni pa watu daktari ni mtu asiyetikisika. Lakini aliyeajiriwa kwa mkataba huweza kuachishwa kazi kama mfanyakazi mwingine yeyote.

Chukua mfano wa mama daktari ambaye mumewe ni askari aliye kambini mbali. Jioni moja arejea na bahasha mkononi. Ada ya shule yadaiwa, kodi ya nyumba yangoja. Hasira yamtuma akagombane na mkurugenzi, au akimbilie mahakamani. Yote mawili hayatamfaa. Jambo la kwanza ni kuisoma barua, tena kwa utulivu.

Daktari aliye mtumishi wa kudumu wa Serikali huongozwa na sheria ya watumishi wa umma ya mwaka 2020, yenye njia zake za rufaa. Aliye na mkataba wa kazi hutazama Sheria ya Kazi Namba 66 ya mwaka 2018. Mkataba wa muda maalumu hukoma siku yake itimiapo. Hapo hakuna kufukuzwa. Mkataba usiowekewa mwisho hauvunjwi ila kwa sababu ya haki na kwa notisi: siku 15 kwa aliyefanya kazi chini ya mwaka mmoja, siku 30 kwa aliyetimiza mwaka au zaidi.

Notisi huondolewa iwapo pana kosa kubwa la kazini. Hata hivyo mwajiri hutakiwa kuitaja sababu kwa maandishi, katika saa 48 tangu ushahidi upatikane. Makosa ya namna hiyo yameorodheshwa katika agizo la waziri la mwaka 2020; si kila kosa litajwalo na mkubwa wa kazi ni kosa kubwa.

Daktari akiona amedhulumiwa, hupanda ngazi kwa utaratibu. Kwanza huwaendea wajumbe wa wafanyakazi, wajaribu kupatanisha. Ikishindikana, shauri hupelekwa kwa mkaguzi wa kazi wa mahali hapo. Naye akishindwa kuwasuluhisha, ndipo mlango wa mahakama hufunguka. Arukaye ngazi huenda akarudishwa chini.

Ikithibitika kuwa alifukuzwa bila sababu ya haki, sheria humpa fidia isiyopungua mishahara ya miezi 3 wala kuzidi miezi 6, ikihesabiwa baada ya makato. Aliyemtumikia mwajiri huyo zaidi ya miaka 10 huweza kupata hadi miezi 9. Si mali ya kutajirisha, bali huivusha nyumba hadi kazi nyingine ipatikane. Tena adai cheti cha kazi, maana ni haki yake.

Lakini mali bila daftari huisha bila habari. Mkataba, hati za mshahara, barua za onyo na majibu yake vitunzwe nyumbani katika jalada moja, wala si katika kabati la ofisini. Asitie sahihi karatasi asiyoielewa.

Mwisho, familia isikate tamaa. Mwajiri huondoa kazi. Hana uwezo wa kufuta udaktari. Daftari la madaktari li mikononi mwa baraza lao la taifa. Maadamu jina lake limo, mama huyo angali daktari, na wagonjwa wangali wakimhitaji.