Mwongozaji huru huanza na filamu fupi

Kijana wa Wete au Mkoani, Pemba, mwenye hamu ya kuongoza filamu huambiwa atafute kamera kwanza. Njia aliyopita mwongozaji Amil Shivji inaonesha vingine: kinachotangulia ni kisa kidogo kinachoweza kumalizika. Aliposoma filamu Chuo Kikuu cha York, Kanada, alirudi Dar es Salaam, akatoa Shoeshine (2013), filamu fupi ya kijana mng'arisha viatu. Mwaka 2017 T-Junction ikafungua tamasha la ZIFF, Unguja. Ndipo 2021 Vuta N'kuvute, kutoka riwaya ya Shafi Adam Shafi, ikafika tamasha la Toronto. Kabla yake hakuna filamu ya Tanzania iliyowahi kuteuliwa huko.

Atasema mtu, huyo kasoma ng'ambo. Kweli, na skuli hufungua milango ya wafadhili. Lakini visa vyake havikutoka darasani, na Pemba navyo vimejaa: msimu wa karafuu peke yake, wachumaji juu ya mikarafuu, majamvi uani yanayokunjwa mbio mvua ikinusa, unatosha dakika kumi. Kikwazo kikubwa zaidi, naona, ni pa kuonesha. Hapo projekta ya kuazima na shuka jeupe uwanjani vitamfaa kijana kuliko kamera ghali.