Fani ya Ushahidi: Judy Kibinge na Filamu ya Wagalla

Makala haya yanakusudia kueleza namna Judy Kibinge, mtengenezaji filamu wa kujitegemea wa Kenya, anavyoiteua fani kwa kuyapima maudhui. Hoja yetu ni kwamba, katika kazi zake mbili tutakazozitaja, kubuni kisa au kutokibuni si suala la ladha tu, bali ni suala la haki.

Tuanze na Something Necessary (2013), inayohusu machafuko yaliyofuata uchaguzi wa Desemba 2007. Humo wahusika ni wa kubuni: Anne, aliyefiwa na mume katika mashambulizi, na Joseph, kijana aliyekuwa miongoni mwa washambulizi. Tukio lenyewe lilijulikana na kila Mkenya, wala halikuhitaji kuthibitishwa. Lililohitajika ni kuingia katika nafsi ya aliyetendewa na ya aliyetenda, na ubunifu ndio mlango wa huko.

Ama Wagalla ni kinyume chake. Mnamo Februari 1984, askari waliwakusanya wanaume wa ukoo wa Degodia wilayani Wajir, katika Mkoa wa Kaskazini Mashariki ambao makao yake makuu yalikuwa Garissa, wakawapeleka katika kiwanja cha ndege cha Wagalla. Walizuiliwa juani kwa siku kadhaa bila chakula wala maji, na wengi wakauawa. Serikali ilitaja vifo 57. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano, katika ripoti yake ya 2013, iliikataa hesabu hiyo, ikaona kwamba waliokufa walikaribia 1,000 na huenda walizidi.

Msanii afanyeje mbele ya jambo lililokanushwa hivyo? Lau angebuni mhusika mmoja tu, angempa mkanushaji silaha ya kusema kwamba hayo ni mambo ya sinema. Ndiyo maana katika Scarred: The Anatomy of a Massacre (2015) Kibinge aliuweka ubunifu kando, akawasikiliza walionusurika, wajane, na maofisa waliokuwa madarakani wakati ule. Kauli huwekwa ubavuni mwa kauli, na hadhira huachiwa kupima. Neno operesheni, ambalo ni la utawala, halina maiti ndani yake. Neno mjane halisemeki bila maiti. Hata anwani ya filamu yatukumbusha kovu, yaani jeraha lililofunga lakini halikufutika.

Hata hivyo, tusidhani kwamba ushahidi hauna usanii. Nani atangulie kusema, kauli ikatwe wapi, kimya kiachwe kwa muda gani: hayo yote ni maamuzi ya mtunzi, naye huwajibika kwayo mbele ya wenye misiba.

Sisi tunaofundisha fasihi simulizi tumezoea kuainisha ngano, visakale na visasili. Simulizi ya mjane wa Wajir haiingii kwa urahisi katika mafungu hayo, kwani msimulizi wake hataki kusifiwa kwa ufundi, ataka kuaminiwa. Fani hiyo yastahili kupewa nafasi yake katika uhakiki wetu, wakati wasimulizi wangali hai.