Machi 14: Siku Moja, Majina Mengi

Albert Einstein alizaliwa Ulm, kusini mwa Ujerumani, Machi 14, 1879, saa tano na nusu asubuhi. Stephen Hawking, ambaye maisha yake yote ya kazi aliyajenga juu ya nadharia ya uhusianifu aliyoiacha Einstein, alifariki dunia Cambridge, Uingereza, Machi 14, 2018. Wote wawili walifariki wakiwa na umri wa miaka 76. Tena Hawking alizaliwa Januari 8, 1942, siku ambayo Galileo Galilei alitimiza miaka 300 kamili kaburini.

Ukiichimba Machi 14 utakuta mengine. Mwanaastronomia wa Italia Giovanni Schiaparelli, aliyechora ramani za sayari ya Mirihi, alizaliwa siku hiyo mwaka 1835. Paul Ehrlich, Mjerumani aliyeupa ulimwengu dawa ya kaswende iliyoitwa Salvarsan, alizaliwa siku hiyo mwaka 1854. Wacław Sierpiński, mwanahisabati mkubwa wa Poland, mwaka 1882. Mwaka mmoja baadaye, Machi 14, 1883, Karl Marx alifariki London. Kisha wapo wanaanga wawili wa Marekani. Frank Borman, aliyezaliwa mwaka 1928, aliongoza Apollo 8, chombo cha kwanza kuwazungusha binadamu kwenye obiti ya Mwezi, Desemba 1968. Eugene Cernan, aliyezaliwa mwaka 1934, ndiye wa mwisho kuacha nyayo zake kwenye vumbi la Mwezi, Desemba 1972. Kiongozi wa safari ya kwanza ya binadamu kuufikia Mwezi na binadamu wa mwisho kutembea juu yake walizaliwa tarehe moja.

Mtu akiyasikia haya kwa mara ya kwanza huona kama kuna mkono uliopanga. Mimi naamini yanastahili kushangaza, ila mshangao huo tuupeleke panapostahili. Siku yenyewe haina nguvu yoyote. Yenye nguvu ni hesabu, pamoja na kalenda na watu wanaoiandika.

Tuanze na hesabu. Chukua mechi ya Simba na Yanga. Uwanjani wapo wachezaji 22 na mwamuzi wa kati, jumla watu 23. Je, kuna uwezekano gani kwamba wawili kati yao walizaliwa tarehe moja, tukiacha mwaka? Wengi hufikiri haraka: mwaka una siku 365, watu ni 23 tu, basi uwezekano ni mdogo sana. Jibu sahihi ni zaidi ya nusu, asilimia 50.7. Wakifika watu 30 inakuwa asilimia 70. Kwenye darasa la wanafunzi 50 inakuwa asilimia 97, na mwalimu anayetaka kuthibitisha hana gharama yoyote zaidi ya kupitisha karatasi.

Siri iko kwenye jozi. Tunaposikia swali hili, kila mmoja wetu hujiweka katikati na kuuliza: nani amezaliwa siku yangu? Kwa swali hilo kweli uwezekano ni mdogo, na ungehitaji wenzako 253 ili ufike nusu. Lakini swali halikuuliza siku yako. Limeuliza siku yoyote na watu wowote wawili. Watu 23 wanatoa jozi 253, kwa sababu kila mmoja analinganishwa na wenzake 22, halafu tunagawa kwa mbili ili jozi moja isihesabiwe mara mbili. Kila jozi ina nafasi moja kati ya 365 ya kulingana, na nafasi hizo 253 zikikusanyika zinakuwa nzito. Anayetaka hesabu kamili ataanza upande wa pili, kwenye uwezekano wa wote kutofautiana: 364 gawa kwa 365, zidisha kwa 363 gawa kwa 365, endelea hivyo hadi 343 gawa kwa 365. Utapata takribani 0.493. Kilichobaki hadi kufika 1 ndiyo nafasi ya kulingana.

Hesabu hiyo inadhani kwamba watoto huzaliwa sawasawa mwaka mzima. Kwa kweli hawazaliwi hivyo. Kuna miezi yenye uzazi mwingi kuliko mingine, na katika nchi ambako upasuaji wa uzazi hupangwa mapema, wikiendi na sikukuu huwa na watoto wachache. Hata hivyo kutolingana huko hakuvunji hoja, kunaiongezea nguvu: watu wakirundikana kwenye siku fulani, wanaolingana huwa wengi zaidi.

Sasa turudi kwa Hawking. Mtu azaliwe siku aliyofariki Galileo na afariki siku aliyozaliwa Einstein: ukivitaja viwili hivyo kabla havijatokea, uwezekano wake ni 1 kati ya 133,225. Lakini nani alivitaja kabla? Hakuna. Tumevitafuta baada ya kutokea. Kama Hawking angezaliwa siku ya Newton, tungesimulia hayo. Angefariki siku ya Darwin au ya Marie Curie, tungesimulia hayo pia. Tuchukue wanasayansi kumi tu wa ngazi hiyo, kila mmoja na tarehe mbili, ya kuzaliwa na ya kufa, zisizogongana. Hizo ni tarehe 20 ambazo zingetuvutia. Uwezekano wa mwanasayansi fulani kuzaliwa kwenye mojawapo na kufa kwenye mojawapo unakuwa karibu 1 kati ya 333. Wanasayansi mashuhuri katika historia ni wengi kuliko 333. Si ajabu kwamba mmoja wao aliangukia hapo.

Wanatakwimu Persi Diaconis na Frederick Mosteller waliandika kuhusu jambo hili mwaka 1989. Hoja yao ni kwamba palipo na mambo mengi mno ya kuhesabu, lile la ajabu kupindukia litatokea tu. Hawking mwenyewe hakulewa na sadfa yake. Alikadiria kwamba siku aliyozaliwa walizaliwa watoto wengine wapatao 200,000. Leo dunia ina watu zaidi ya bilioni 8, na ukigawa kwa siku za mwaka utakuta kila mmoja wetu anashiriki tarehe ya kuzaliwa na watu karibu milioni 22.

Upande wa kalenda ndio unaonivutia zaidi, kwa sababu huko sadfa nyingine hufa kabisa. Vitabu vingi hueleza kwamba Isaac Newton alizaliwa mwaka uleule aliofariki Galileo, 1642, kana kwamba kijiti kilipokewa bila kuanguka. Galileo alifariki Arcetri, Italia, Januari 8, 1642. Newton alizaliwa Uingereza Desemba 25, 1642. Tatizo ni kwamba nchi hizo mbili zilitumia kalenda mbili. Italia ilikuwa imeshahamia kalenda ya Papa Gregori wa 13, Uingereza ilikuwa bado kwenye ile ya Julius Caesar. Kwa kalenda ya Italia, ambayo ndiyo yetu leo, Newton alizaliwa Januari 4, 1643. Kwa kalenda ya Uingereza, Galileo alifariki Desemba 29, 1641. Chagua moja uitumie kwa wote wawili, na mwaka mmoja unaosimuliwa haupo tena.

Chanzo cha mkanganyiko huo ni dakika 11 hivi. Mwaka wa Julius Caesar ulihesabiwa kuwa siku 365 na robo. Mwaka wa majira, yaani muda wa Jua kurudi mahali pake pa majira, ni takribani siku 365.2422. Tofauti ni ndogo, ila inajirundika siku nzima kila miaka 128. Kufikia mwaka 1582 ilikuwa imefika siku kumi tangu Mtaguso wa Nikea wa mwaka 325, na Pasaka ilikuwa inayapoteza majira yake. Papa akaamuru siku kumi zifutwe. Katika nchi zilizotii mara moja, Alhamisi ya Oktoba 4 ilifuatwa na Ijumaa ya Oktoba 15. Mtakatifu Teresa wa Avila alifariki Uhispania usiku huohuo wa mpito, na Kanisa Katoliki humkumbuka Oktoba 15. Tangu hapo miaka ya karne isiyogawanyika kwa 400 haina Februari 29. Ndiyo maana 1900 haikuwa nayo na 2000 ilikuwa nayo.

Waingereza walikubali mwaka 1752 na Warusi mwaka 1918. Kabla ya hapo, tarehe moja katika nchi mbili ilikuwa siku mbili tofauti. Shakespeare na Cervantes wanatajwa pamoja kuwa walifariki Aprili 23, 1616, na UNESCO imeifanya tarehe hiyo kuwa Siku ya Vitabu Duniani. Lakini Cervantes alifariki Aprili 22 na kuzikwa kesho yake, na Aprili 23 ya Shakespeare ilikuwa Mei 3 huko Uhispania. Sisi wa pwani tuna mfano wetu. Vasco da Gama alifika Mombasa Aprili 7, 1498, wakati ambapo Gregori wa 13 hakuwa hata amezaliwa. Kwa kalenda iliyo ukutani kwako leo, siku hiyo ilikuwa Aprili 16.

Saa nayo ina mchango wake. Marekani huadhimisha Julai 20, 1969 kuwa siku ambayo Neil Armstrong aliukanyaga Mwezi. Chombo kilipotua, Dar es Salaam na Nairobi ilikuwa saa tano na dakika 17 usiku, Julai 20. Lakini mguu wake ulipogusa ardhi, kwetu ilikuwa saa kumi na moja na dakika 56 alfajiri, Julai 21. Tukio ni moja, tarehe ni mbili, na zote ni sahihi.

Wala kalenda hii ya ofisini si pekee tuliyonayo. Mabaharia, wavuvi na wakulima wa pwani waliuhesabu mwaka kwa miongo, siku kumi kumi, miongo 36 na siku tano juu, wakianzia Nairuzi, ile inayosherehekewa Makunduchi kwa Mwaka Kogwa. Kwa hesabu hiyo walijua kaskazi na kusi zinaingia lini. Mwaka wake una siku 365 bila siku ya ziada, kwa hiyo kila baada ya miaka minne huachana na Jua kwa siku moja. Mwaka wa Hijria, wenye siku 354 au 355, unatembea kwa kasi zaidi: mwezi wa Mfungo Sita huizunguka misimu yote kwa muda wa miaka 33 hivi. Tena katika hesabu hiyo siku huanza magharibi, hivyo mtoto aliyezaliwa Alhamisi saa mbili usiku ni wa Ijumaa. Mtoto huyo mmoja unaweza kumkuta na siku za kuzaliwa tatu, zote za kweli.

Zipo pia tarehe zinazolingana kwa kuwa watu wameamua zilingane. Chama cha Afro-Shirazi kiliundwa Zanzibar Februari 5, 1957. Azimio la Arusha, lililopitishwa na TANU mwishoni mwa Januari, lilitangazwa Februari 5, 1967. Chama Cha Mapinduzi kikazaliwa Februari 5, 1977. Hapo usitafute uwezekano. Hiyo ya 1977 ni kazi ya watu waliokaa na kalenda mezani, wakitaka jambo jipya lirithi heshima ya la zamani. Kenya nayo ilipata uhuru Desemba 12, 1963 na kuwa jamhuri Desemba 12, 1964, kwa mpango. Machi 14 yenyewe imepangiwa: kwa kuwa Wamarekani huiandika 3/14, tarakimu za mwanzo za pai, mwanafizikia Larry Shaw aliifanya sherehe ya pai San Francisco mwaka 1988, na mwaka 2019 UNESCO ikaitangaza Siku ya Kimataifa ya Hisabati. Einstein akawa mgeni wa heshima bila kujua.

Aina ya mwisho ya tarehe zinazolingana ndiyo inayoniuma. Ukipitia vitambulisho vya wazee wetu, na vya wakimbizi wengi kutoka pembe hii ya Afrika walioko Ulaya na Marekani, utakuta Januari 1 au Julai 1 imejaa kupita kiasi. Hawakuzaliwa wote siku hizo. Walizaliwa mwaka wa njaa, mwaka wa nzige, mvua za masika zilipochelewa, na karani alipodai tarehe ikabidi iandikwe mojawapo ili fomu ijae. Tunaweza kustaajabia Machi 14 ya Einstein kwa sababu karani wa Ulm aliandika siku na saa mara tu taarifa ilipomfikia. Bila mstari ule kwenye daftari, pasingekuwa na sadfa ya kusimulia wala takwimu ya kukokotoa. Wizara inayopanga chanjo, shule na wakunga hutegemea mistari ya namna hiyohiyo.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, kama una mtoto mchanga nyumbani, mwandikishe mapema upate cheti chake cha kuzaliwa, na pembeni ya tarehe uandike na saa. Kama bado una bibi au babu, kaa naye umuulize alizaliwa mvua zipi, baada ya tukio gani, mkubwa wake ni nani na mdogo wake ni nani, kisha uandike anachokumbuka angali hai.