Goma na Bukavu: Diploma iko mkononi, kazi inayolipa iko wapi?

Matokeo ya mtihani wa serikali yanapofika kwa simu, kelele zinaanzia upande mmoja wa mtaa na kuenea hadi upande wa pili. Kijana aliyefaulu anamwagiwa poda nyeupe kichwani, mama anaimba barabarani, majirani wanatoka kuuliza amepata asilimia ngapi. Siku mbili tatu baadaye poda imekwisha kuoshwa, na ndani ya nyumba linabaki swali gumu kuliko mtihani wenyewe: sasa atasoma nini?

Katika familia nyingi za Goma, Bukavu, Uvira na Butembo, jibu huwa tayari kabla mtoto hajafungua kinywa. Baba anataka udaktari. Mjomba aliye Kinshasa anapiga simu na kusema sheria. Mama anauliza tu ni masomo gani yanayotoa kazi yenye mshahara. Swali la mama ndilo lenye uzito, lakini mara nyingi linajibiwa vibaya. Watu wanatazama mwajiri anayelipa vizuri leo, hawatazami kazi ambayo mtoto ataweza kuifanya siku mwajiri huyo akiondoka.

Na katika Kivu waajiri huondoka. Wakimbizi wa Rwanda walipoingia Goma na Bukavu mwaka 1994, mashirika ya misaada yalifuata nyuma yao, na vita vilivyokuja baadaye vikayafanya yabaki. Kwa karibu miaka 30 kijana wa hapa amekua akiona gari nyeupe yenye antena ndefu, na jirani anayelipwa kwa dola mwisho wa mwezi wakati mwalimu wa shule anangojea feza ya serikali. Kuajiriwa na ONG kukawa ndiyo maana ya kufanikiwa. Wanafunzi wakajaa katika maendeleo ya vijijini, mahusiano ya kimataifa, usimamizi wa miradi.

Kisha hesabu zikaanza kubadilika. Ebola ilipotangazwa Kivu Kaskazini tarehe 1 Agosti 2018, kazi za riposte huko Beni na Butembo zilichukua wauguzi, madereva, wahamasishaji. Tarehe 25 Juni 2020 ugonjwa ukatangazwa kuwa umekwisha, na kandarasi zikaisha nao. Mwaka 2024 MONUSCO ikaondoka Kivu Kusini. Januari 2025 Marekani, iliyokuwa mfadhili mkubwa kuliko wote wa misaada ya kibinadamu nchini, ikasimamisha feza zake. Mwezi huohuo Goma ikaingia mikononi mwa AFC/M23, na Bukavu ikafuata Februari. Benki zikafunga milango. Mtu aliyekuwa na mkataba mzuri na mkopo wa kujenga nyumba akajikuta ameketi sebuleni saa nne asubuhi, siku ya kazi.

Hapo ndipo tofauti kati ya cheo na ufundi ilionekana wazi.

Ndani ya shirika moja wanafanya kazi watu wa aina nyingi. Kuna mhasibu, makanika wa magari, fundi anayejua kupitisha maji kutoka chemchemi ya mlimani hadi bomba la kijiji, mtu wa stoki, muuguzi. Na kuna wale ambao cheo chao kina maneno matano, kikihusu uimarishaji wa hili na ufuatiliaji wa lile, kazi ambayo haipo mahali pengine popote nje ya miradi ya wafadhili. Shirika likifunga, makanika anaweza kwenda kwenye gereji, kampuni ya malori au parokia yenye magari matatu mabovu. Mhasibu anahitajika hospitalini, shuleni, kwa mfanyabiashara. Yule wa cheo kirefu anabaki kutuma barua za maombi kwa mashirika mengine ambayo nayo yanapunguza watu. Haina maana kwamba yeye hana akili. Masomo yake yalimfundisha lugha ya mwajiri mmoja tu.

Mhasibu anastahili kusemwa zaidi, kwa sababu watu wengi wanadhani seksio ya biashara ni ya walioshindwa hesabu ngumu. Kongo iliingia katika OHADA mwaka 2012, na tangu hapo kampuni zetu zinafuata mfumo wa hesabu unaotumika katika nchi 17 za Afrika. Kijana anayeumudu kwa kweli, anayeweza kufunga hesabu za mwaka bila kushikwa mkono na kutumia programu za kompyuta, ana ufundi unaokubalika toka Bukavu hadi Dakar. Wenye diploma ya biashara ni wengi sana. Wanaoweza kufunga hesabu hizo ni wachache, na mshahara unawafuata hao wachache.

Ndiyo kanuni ya mishahara karibu kila mahali, hata ikiwa ni chungu kuisikia. Feza hazifuati ugumu wa masomo wala urefu wake. Zinafuata kitu ambacho mtu mwenye feza anakihitaji na hakipati kirahisi.

Umeme, maji na chuma

Chukua mfano wa umeme. Hakuna mtaa wa Bukavu au Goma usiojua giza la ghafla. Lakini kwa miaka kumi iliyopita kazi za umeme zimeongezeka upande wa Kivu Kaskazini: Virunga Energies ilifungua kituo cha Matebe, Rutshuru, mwishoni mwa 2015, chenye zaidi ya megawati 13, na kampuni ya Nuru ikajenga Goma kituo cha jua cha megawati 1.3 mwaka 2020. Nyuma ya vituo hivyo kuna mita za kufunga na nguzo za kusimamisha. Na mbali na kampuni, kuna vituo vya afya, makanisa, vinyozi, mashine za kusaga unga na nyumba za watu zinazotaka mabamba ya jua yaliyofungwa na mtu anayejua kupiga hesabu ya betri. Wengi wamekwisha kununua bamba na betri, wakafungiwa na fundi wa kubahatisha, na baada ya miezi sita betri imekufa. Fundi atakayekuja wa pili na kueleza kwa nini imekufa, huyo ana kazi ya miaka.

Pamoja na hayo, wazazi wengi bado wanaona shule ya ufundi kama adhabu. Mtoto mwenye asilimia nzuri anapelekwa Latini au sayansi. Aliyeshindwa ndiye "aende ufundi". Wasichana hali yao ni mbaya zaidi, maana wakiruhusiwa ufundi wanasukumwa kwenye ushonaji hata kama mmoja wao ndiye anayetengeneza radio ya nyumba nzima.

Kwa aliyekwisha kumaliza masomo mengine, mlango haujafungwa. INPP, taasisi ya serikali ya mafunzo ya kazi iliyoanzishwa mwaka 1964, ina matawi majimboni na hufundisha kwa muda mfupi umeme, kuchomelea vyuma, umakanika, kompyuta na kazi nyingine za mikono. Lisansiye wa sheria anayejiandikisha huko kujifunza ubaridi wa friji anachekwa kwanza. Kicheko kinapungua friji ya jirani inapoharibika.

Upande wa Katanga hali ni tofauti kidogo, lakini inasema jambo lilelile. Vijana wa Kivu wanaoshuka Kolwezi, Fungurume au Likasi wakiwa na diploma isiyo na ufundi mara nyingi wanaishia kwenye machimbo pamoja na wachimbaji wadogo, ambako mtu huingia shimoni bila kujua kama atatoka. Kampuni kubwa za shaba na kobalti zinatafuta umeme wa viwandani, hidroliki, madereva wa mashine nzito, watu wa usalama kazini, wachomeleaji wenye cheti. Sheria ya tarehe 8 Februari 2017 kuhusu kazi za kandarasi ndogo inazitenga kazi hizo kwa kampuni ambazo sehemu kubwa ya mtaji wake ni ya Wakongomani. Ni nafasi kwa karakana ndogo yenye karatasi zake sawa. Kwa karakana isiyo na karatasi, sheria hiyo ni habari ya redioni tu.

Anayeweza kusema, asome kusema

Isije ikadhaniwa kwamba kila mtoto ashike bisibisi. Kuna msichana ambaye mikono yake haina subira na waya, lakini wakigombana watu wa familia ndiye anayeitwa kusuluhisha, na akisimama kusoma somo kanisani kila mtu ananyamaza. Huyo sheria inaweza kumfaa. Ila familia ipige hesabu hadi mwisho. Baada ya chuo kuna staji katika baraza la mawakili, ambamo kijana anavaa joho zuri na kurudi nyumbani kwa miguu. Udaktari nao ni miaka mingi ya minervali, na daktari mpya hospitalini anaweza kukaa muda mrefu kabla jina lake halijaingia kwenye orodha ya wanaolipwa na serikali. Aliye na wito na familia yenye uwezo wa kungoja, aende. Familia inayouza parsele ili kulipa mwaka wa kwanza, ikitegemea mtoto atairudisha baada ya mwaka wa tatu, imepiga hesabu isiyotoka.

Ualimu pia hauwezi kupitwa kimya. Tangu masomo ya msingi katika shule za serikali yatangazwe kuwa bure mwaka 2019, madarasa yamejaa na walimu wengi wanaendelea kulalamikia mishahara. Hata hivyo mwalimu wa hisabati au fizikia anayejua kazi yake hakai bila kuitwa, na masomo ya jioni kwa watoto wa darasa la mwisho humletea zaidi ya mshahara wenyewe.

Kisha kuna lugha, jambo ambalo vijana wa mashariki wanalidharau kwa sababu wamezaliwa nalo. Kongo iliingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki mwaka 2022. Mfanyabiashara wa Butembo anayeleta mali kutoka Guangzhou au Dubai kupitia Mombasa na mpaka wa Kasindi anahitaji mtu wa kusoma karatasi kwa Kiingereza, kuzijaza forodhani kwa Kifaransa, na kupigania bei na dereva wa Mkenya kwa Kiswahili. Watu wanaoziweza lugha hizo tatu na kujua pia taratibu za forodha si wengi. Mtu aliyesoma lugha peke yake hatoshi, na aliyesoma forodha bila Kiingereza anasubiri kutafsiriwa.

Kabla ya kulipa minervali

Kijana atajuaje anachokiweza? Asilimia za shule zinasaidia kidogo tu, kwa sababu mtu anaweza kupata 70 katika somo asilolipenda kwa kuogopa baba. Dalili bora ni ya nyumbani: kazi gani watu wanamletea bila kulipa? Mmoja anapewa simu zilizokufa. Mwingine anatunza sanduku la likelemba la akina mama, na franka haijapotea hata moja. Mwingine anachora mpango wa nyumba kwa mkaa ukutani.

Dalili hiyo ikionekana, inafaa kwenda kwa watu watatu wanaoishi kwa kazi hiyo: mmoja aliyefanikiwa, mmoja wa kawaida, mmoja aliyeiacha. Wa tatu ndiye mwenye habari nyingi. Aulizwe kwa heshima nani alikuwa akimlipa, alilipwa baada ya muda gani, wangapi walisimama mlangoni wakitaka nafasi yake, na kwa nini aliondoka. Kijana akienda na mama mkubwa au mjomba, majibu huwa ya kweli zaidi kuliko akienda peke yake, maana watu huona aibu kumwambia mtoto wa mtu kwamba waliingia kazini kwa mkono wa ndugu.

Mkono huo upo, na hakuna haja ya kuuficha. Nafasi nyingi nzuri hupita kwa jamaa, kwa kanisa, kwa kabila. Lakini hata mwenye ndugu ndani, siku jenereta ya ofisi inapozima, haitwi ndugu. Anaitwa fundi.

Baada ya hapo inabaki kutembelea shule yenyewe, nayo ni kazi ambayo familia nyingi hazifanyi. Wanatazama geti, sare, na jina la chuo. Mzazi ana haki ya kumwambia mkuu wa shule kwa upole: "Baba Prefe, tunaomba kuona atelie." Atazame kama mashine zinazunguka, kama mafuta yake ni mapya, kama kuna waya zilizokatwa na kuunganishwa na wanafunzi. Aulize ni wanafunzi wangapi kwa mashine moja, na staji wanaifanyia wapi. Ikiwa ufunguo wa atelie umetafutwa nusu saa na haujaonekana, mama amshike mtoto mkono, waage vizuri, waende kuona shule ya pili kabla mvua haijaanza.