Je, Chokaa Ina Uhai?

Mwanafunzi wetu mmoja wa Mbugangari, hapa Gisenyi, alitafsiri maneno ya Kifaransa "chaux vive" kuwa "chokaa hai". Darasa likacheka. Je, alikosea?

Jiwe la chokaa likichomwa tanurini kwa joto la nyuzi 900 hivi za Selsiasi, hutoa kaboni dioksaidi. Kinachobaki ndicho Wafaransa wanachokiita "hai": kikitiwa maji huchemka, tena huunguza ngozi na macho. Kikishazimwa kwa maji mengi, hupakwa ukutani. Mwanzoni huonekana kama maji tu. Kikikauka huwa cheupe. Kisha, kwa wiki na miezi, huvuta kaboni dioksaidi kutoka hewani na kurudi kuwa jiwe. Chokaa ya namna hiyo ndiyo iliyopakwa nyumba za mawe za Lamu na Mji Mkongwe, Zanzibar.

Basi mwanafunzi alikuwa na hoja. Mfasiri akiandika "chokaa" tu juu ya mfuko, onyo limepotea, na fundi aweza kutia mkono. Lakini "hai" nayo haimwonyi asiyejua Kifaransa. Sisi tunapendekeza "chokaa isiyozimwa" na "chokaa iliyozimwa". Walimu wenzetu, mnasemaje?